Aliyeruka Siye Aliyeshangiliwa

Ndugu msomaji, Jumapili iliyopita nyumbani kwangu kulizuka ubishi ambao nusura umkoseshe mjomba wangu chakula cha mchana. Mjomba ni mzee wa miaka sabini na ushei, mstaafu wa kiwanda cha nguo, mtu mpole asiyependa makuu. Lakini lipo jambo moja ambalo ukiligusa umeigusa mboni ya jicho lake, nalo ni jina la Bruce Lee. Katika miaka ya 1970, filamu za karate kutoka Hong Kong zilipokuwa zikiyajaza majumba ya sinema ya Dar es Salaam, yeye alikuwa miongoni mwa vijana waliopanga foleni ya tiketi, kisha wakatoka usiku wakirusha mateke hewani njia nzima hadi nyumbani.

Siku hiyo watoto walikuwa wakitazama Enter the Dragon, filamu iliyotolewa mwaka 1973. Ikafika ile sehemu mashuhuri ambapo adui aitwaye O'Hara anapambana na Bruce Lee, na Bruce Lee, kufumba na kufumbua, anajipindua kinyumenyume hewani na kumtandika teke la kidevu. Mjomba akapiga makofi kama kijana wa miaka ishirini. Ndipo mwanangu, mwenye umri wa miaka kumi na miwili, aliposema kwa sauti ya upole, "Babu, aliyeruka hapo si Bruce Lee. Ni mtu mwingine aliyevalishwa nguo kama zake."

"Nani kakudanganya?" mjomba akauliza.

"Sijadanganywa, babu. Hebu tazama tena."

Tukatazama tena, na tena. Mjomba akaweka kijiko chini, akanyamaza kwa kitambo, kisha akasema, "Basi mimi miaka ile nilitoa fedha yangu kumshangilia nani?"

Swali hilo halikustahili kuachwa lipite hivi hivi. Nimelitafutia jibu, na jibu hilo ndilo makala yetu ya leo. Mtu yule aliyejipindua hewani anaitwa Yuen Wah. Alizaliwa Hong Kong mwaka 1950, yaani ni wa rika lile lile la mjomba na wenzake waliokuwa wakimshangilia pasipo kumjua.

Ili tumfahamu Yuen Wah, yafaa kwanza tuifahamu shule iliyomlea. Katika Hong Kong ya miaka ya 1950 na 1960, mwalimu mmoja aitwaye Yu Jim-yuen aliendesha chuo cha tamthilia ya Kichina ya mtindo wa Peking, kilichojulikana kwa jina la China Drama Academy. Tamthilia hiyo si mazungumzo ya jukwaani tu. Mchezaji wake hana budi kuimba, kupaka uso rangi, kucheza kwa upanga na mkuki, na kuruka sarakasi kana kwamba mwili hauna mifupa. Kwa hiyo watoto walichukuliwa wangali wadogo, viungo vyao vikiwa bado laini, wakaishi chuoni humo humo kwa miaka mingi.

Miongoni mwa wanafunzi hao alikuwamo mvulana ambaye leo dunia nzima inamjua kwa jina la Jackie Chan. Katika kitabu cha maisha yake, Jackie Chan ameeleza kwamba baba yake alitia sahihi mkataba wa kumkabidhi kwa mwalimu kwa muda wa miaka kumi. Watoto waliamka alfajiri, wakafanya mazoezi hadi usiku, wakasimama kwa mikono kichwa chini miguu juu kwa muda mrefu hadi mikono ikatetemeka, na aliyeshindwa alionja fimbo. Fedha zilizopatikana kwa maonyesho yao zilikwenda kwa mwalimu. Wanafunzi walipewa majina yaliyoanza na neno Yuen, lililotokana na jina la mwalimu mwenyewe. Ndiyo maana utawakuta Yuen Wah, Yuen Biao, Yuen Kwai na msichana mmoja aitwaye Yuen Qiu, ilhali hawakuzaliwa tumbo moja. Waliokuwa hodari zaidi waliingizwa katika kikundi kilichoonyesha michezo mbele ya watu, na Yuen Wah alikuwa mmoja wao.

Msomaji asinielewe vibaya. Simwandikii mzazi ili akachonge fimbo. Mtoto hapaswi kununua ufundi kwa machozi, na wapo wengi waliolelewa kwa namna hiyo ambao hawakupata chochote ila makovu. Nayaeleza haya kwa sababu mwili ule mliouona ukipaa katika filamu haukupaa kwa miujiza. Sekunde moja ile ililipiwa kwa miaka mingi ya utoto.

Kisha likatokea jambo ambalo mfanyakazi yeyote ataweza kulielewa. Vijana hawa walipohitimu, kazi waliyofundishwa ilikuwa inakufa. Watu wa Hong Kong walikuwa wameyapa kisogo majukwaa ya tamthilia ya zamani, wakikimbilia sinema na televisheni. Hebu fikiri, ndugu msomaji, umesomea ushonaji wa mkono tangu ukiwa na umri wa miaka saba, na siku unayopewa cherehani yako ndiyo siku watu wanapoanza kununua nguo zilizokwisha kushonwa dukani. Ufanye nini? Vijana wale hawakuwa na elimu nyingine ya kujivunia. Walikuwa na miili yao tu. Wakaenda nayo kwenye milango ya makampuni ya filamu, wakauliza kama yupo anayehitaji mtu wa kuanguka.

Alikuwapo. Filamu za mapigano zilikuwa zikitengenezwa kwa wingi na kwa haraka, nazo zilihitaji watu wa kutupwa kutoka ghorofani, kuvunjiwa viti mgongoni na kupenyezwa katika kuta za mbao. Kazi hiyo ina sura mbili. Sura ya kwanza ni ya adui asiye na jina, yule anayekuja mbio, anapigwa teke moja, anaanguka, na hakumbukwi tena. Sura ya pili ni ya mtu wa badala. Huyu huvalishwa nguo kama za mchezaji mkuu, yule ambaye vijana wetu humwita stelingi, akatengenezwa nywele kama zake, na kamera ikawekwa nyuma yake au mbali naye ili uso usitambulikane. Hapo ndipo anaporuka. Akishatua, stelingi husimama mahali pale pale, kamera ikamsogelea usoni, naye akahema kana kwamba ndiye aliyeruka. Baadaye fundi wa kuunganisha vipande vya filamu huviunganisha vipande hivyo viwili, nasi tuliokaa gizani tukaona mtu mmoja.

Chini anapotua mtu huyo aghalabu palitandikwa magodoro na maboksi matupu ya karatasi ngumu, ambayo hubonyea na kuupunguza mshindo. Lakini boksi halikuhakikishii kitu. Mwaka 1986 Jackie Chan, ambaye wakati huo alikwisha kuwa stelingi mkubwa na bado akijirukia mwenyewe, alikuwa akitengeneza filamu ya Armour of God huko Yugoslavia. Aliruka kuelekea kwenye mti, tawi likavunjika, akaanguka na kugonga kichwa katika jiwe. Fuvu lake lilipasuka, akafanyiwa upasuaji wa kichwa, na alama yake anayo hadi leo. Ikiwa hayo yalimpata mwenye jina, ambaye kila mtu alikimbilia kumwokoa, je, yule asiye na jina alikuwa akianguka mara ngapi kwa wiki, na nani aliyekuwa akimwuliza asubuhi yake kama mgongo umepoa?

Basi huko ndiko Bruce Lee alikomkuta Yuen Wah. Hapa sina budi kumtetea Bruce Lee, maana mjomba atasoma makala haya. Bruce Lee hakuwa mtu wa kuigiza ushujaa. Mateke yake, kasi ya mikono yake na namna alivyozungusha vile vijiti viwili vyenye mnyororo, hayo yote yalikuwa yake. Lakini kupigana ni ufundi, na kuruka sarakasi ni ufundi mwingine. Yeye alisomea ule wa kwanza. Vijana wa Yu Jim-yuen walikuwa wamelishwa ule wa pili pamoja na wali. Kwa hiyo palipohitajika kujipindua hewani, Bruce Lee alipumzika kidogo na Yuen Wah akaingia. Fundi mwenye akili hujua mahali pa kumwachia mwenzake nyundo.

Lipo jambo jingine ambalo pengine mjomba hakuliona. Katika Fist of Fury, filamu ya mwaka 1972, iko sehemu ambayo wazee wengi wa hapa kwetu wanaikumbuka vizuri, kwa kuwa iligusa donda ambalo nchi zilizotawaliwa zinalijua. Bruce Lee anafika kwenye lango la bustani mjini Shanghai, na kibao kinasema mbwa na Wachina hawaruhusiwi kuingia. Mpita njia mmoja wa Kijapani anamdhihaki, akimwambia kwamba akitambaa kama mbwa atamwingiza. Bruce Lee anawatandika wenye dhihaka, kisha anaruka na kukivunja kibao kwa teke, na ukumbi mzima unalipuka kwa vifijo. Yule mdhihaki aliyezomewa na kumbi za dunia nzima alikuwa Yuen Wah. Uso wake ulipoonekana, alizomewa. Alipoupa kamera mgongo, alishangiliwa kwa jina la mwingine. Ni wachache wetu tungeweza kuibeba kazi ya namna hiyo na kurudi tena kesho yake.

Bruce Lee alifariki dunia tarehe 20 Julai, 1973, akiwa na umri wa miaka 32, takriban mwezi mmoja kabla Enter the Dragon haijaonyeshwa Marekani. Stelingi akaondoka, mgongo wake ukabaki, nao ulikuwa na umri wa miaka 22 na ulihitaji kula. Yuen Wah aliendelea kuanguka. Mwanafunzi mwenzake mkubwa, Sammo Hung, ambaye katika Enter the Dragon ndiye anayepambana na Bruce Lee mwanzoni kabisa, alipata kuwa mwongozaji na mtengenezaji wa filamu, naye hakuwasahau ndugu zake wa chuoni. Mwaka 1985 alitengeneza Mr. Vampire, kichekesho cha kutisha kuhusu maiti zinazofufuka na kurukaruka kama chura. Yuen Wah alipewa nafasi kubwa, na nafasi yenyewe ilikuwa ni kuwa maiti! Uso wake ulifunikwa kwa rangi na sura ya kuoza hata mama mzazi asingemtambua. Filamu ilipendwa mno, na watazamaji wakaenda zao wakiikumbuka ile maiti.

Hatimaye uso ukafunuliwa. Katika Eastern Condors ya mwaka 1987, iliyoongozwa na Sammo Hung, Yuen Wah alikuwa jenerali adui, mwembamba, mwenye kipepeo mkononi na kicheko chembamba cha kukera. Watazamaji waliokuwa wakisubiri jitu lenye misuli walipigwa na butwaa pale kipande hicho cha mtu kilipoanza kupigana. Mwaka uliofuata, katika Dragons Forever, alikuwa tajiri mwovu mwenye sigara kubwa mdomoni, aliyejificha nyuma ya kiwanda ili kutengeneza dawa za kulevya. Waliokuja kumkabili walikuwa Jackie Chan, Sammo Hung na Yuen Biao. Tazameni, ndugu zangu: watoto wanne waliolala chumba kimoja wakiogopa fimbo moja, sasa ni watu wazima mbele ya kamera moja, na kila mmoja anajua hasa ngumi ya mwenzake itatokea wapi. Hapo ndipo utakapoelewa kwa nini mapigano yale hayajapata wa kuyaiga kwa urahisi.

Tangu hapo Yuen Wah akawa yule mchezaji ambaye watu humtambua kwa sura ingawa jina limewaponyoka. Alikuwamo katika filamu ya tatu ya Police Story mwaka 1992, akawamo katika tamthilia nyingi za televisheni za Hong Kong, leo jambazi, kesho mzee wa kuchekesha. Alikuwa chumvi ya mchuzi. Na chumvi hukumbukwa siku inapokosekana.

Kisha ukafika mwaka 2004. Mwongozaji Stephen Chow, ambaye tangu utotoni alimhusudu Bruce Lee, alitengeneza filamu ya Kung Fu Hustle. Kisa chake kinatokea katika mtaa wa makabwela, ambamo majambazi wanafika kutesa watu wakidhani hapana wa kuwazuia. Kumbe mchukuzi wa mizigo, fundi cherehani na mpika tambi wa mtaa huo ni mabingwa waliojificha! Na juu yao wote wapo mwenye nyumba na mkewe, wanaokorofishana kutwa kuhusu kodi. Mke ni Yuen Qiu, yule msichana wa chuoni, ambaye alikuwa ameachana na sinema kwa miaka mingi. Mume ni Yuen Wah. Mwanzoni anarushwa dirishani na mkewe, anaanguka chini kifudifudi, na chungu cha maua kinamfuata kichwani. Watu wanacheka. Baadaye, majambazi wanapozidi, mzee huyo anainua mikono yake taratibu, na ukumbi unanyamaza.

Mwaka 2005, katika Tuzo za Filamu za Hong Kong, Yuen Wah alitunukiwa tuzo ya mwigizaji msaidizi bora wa kiume. Alikuwa na umri wa miaka 54. Zilikuwa zimepita zaidi ya miaka thelathini tangu ajipindue kwa niaba ya Bruce Lee. Wala hakustaafu: mwaka 2021 alionekana tena katika filamu kubwa ya Marekani, Shang-Chi and the Legend of the Ten Rings, akiwa mwalimu mzee wa kijiji cha mashujaa.

Sasa ningeweza kuishia hapa na kusema kwamba mvumilivu hula mbivu. Ni kweli kwa Yuen Wah, lakini ningekuwa nakudanganya, ndugu msomaji, kama ningesema ni kweli kwa wote. Kwa kila Yuen Wah aliyepanda jukwaani kupokea tuzo, wapo wengi walioruka vizuri kama yeye, wakavunjika viungo, wakazeeka, na hakuna aliyeyauliza majina yao. Subira ni sifa ya anayesubiri. Haimwondolei deni anayesubiriwa. Hata Marekani, ambako tuzo za Oscar zilianza kutolewa mwaka 1929, ilichukua hadi mwaka 2025 kutangazwa kwamba nao wanaobuni michezo ya hatari watakuwa na tuzo yao, ya filamu zitakazotoka kuanzia mwaka 2027. Karibu miaka mia moja ya kuanguka ndipo mtu anakumbuka kuuliza ni nani aliyeanguka! Wenzao wa Hong Kong waliwatangulia kwa mbali, kwani wamekuwa wakituza ubunifu wa mapigano tangu miaka ya 1980.

Na tusiwatafute watu wa badala katika sinema peke yake. Mkate uliounywea chai asubuhi ya leo ulikandwa na mtu aliyeamka saa nane usiku. Basi linalokupeleka kazini lilitengenezwa jana usiku na fundi aliyelala chini ya chasisi. Na hotuba ile nzuri ya meneja iliyopigiwa makofi, yupo karani aliyeipiga chapa mara tatu. Nyumbani kwako nako, ndugu msomaji wa kiume, wageni wanapokusifu kwa ukarimu wako, geuza shingo kidogo uelekee jikoni. Utamwona aliyeruka.

Jioni ya Jumapili ile nilimsomea mjomba yale niliyokwisha kuyapata. Alisikiliza kimya. Nilidhani bado ana uchungu wa kuibiwa shujaa wake. Kumbe alikuwa mbali.

"Unajua," akasema, "pale kiwandani mimi nilisimamia mtambo wa kufumia miaka ishirini na sita. Kanga tulizotoa zilivaliwa arusini, zikabebea watoto, zikafunikia maiti. Hapana hata mtu mmoja aliyepata kuuliza, kanga hii kafuma nani."

Mwanangu akamwangalia kwa muda, kisha akainuka, akaenda chumbani kwa mama yake. Alirudi na kanga moja iliyofifia rangi, aliyobebewa yeye mwenyewe alipokuwa mchanga. Akaiweka mapajani pa mzee.

"Babu, na hii je?"

Mjomba akavaa miwani, akaukagua mshono na upindo, akaupitisha uzi kati ya vidole viwili. Akacheka. "Hii si yangu," akasema. "Lakini aliyeifuma alikuwa fundi."

Kisha akaomba filamu irudishwe nyuma, na mtu yule alipojipindua hewani, mjomba akapiga makofi kama awali. Safari hii alimtaja kwa jina.

Wazazi, tafadhalini wakumbusheni watoto wasiruke kutoka kwenye mapaa baada ya kusoma haya. Yuen Wah alifundishwa miaka mingi.

Hadi Jumapili ijayo, kwaherini.